RAV4 ipi ya kubebea mzigo Korogwe na Handeni? Soma chasisi kwanza, rangi baadaye

Dada mmoja wa Manundu, Korogwe, anauza viatu na mashuka kwa WhatsApp na Instagram. Wateja wake wengi wako Handeni mjini, Mkata na Kabuku. Miaka mitatu mzigo wake unapanda basi, anaongea na konda, mteja anafuata stendi. Masika yaliyopita boksi zima la mashuka likalowa juu ya keria, wateja wanne wakadai hela zao. Siku hiyo akasema basi, sasa nanunua gari.

Alikuwa na milioni 12. Saba zake, tano za kikoba, na za kikoba zinarudi kila mwezi upende usipende. Dalali akamtumia picha za RAV4 mbili. Zote umbo moja, zote rangi ya fedha, zote ni ile ambayo mtaani tunaiita Kili Time. Moja milioni 10 na nusu, ina 4WD. Nyingine milioni 11 na laki 8, haina 4WD. Akanipigia: "Kaka, si nichukue yenye 4WD? Bei ndogo, halafu nabaki na milioni na nusu ya kununulia mzigo."

Ukiangalia picha tu, ana haki. Mimi nikamwambia aombe kitu kimoja kabla hajapanda gari kwenda kuziona: picha ya kadi ya gari, pale penye namba ya chasisi na cc. Dalali mkweli atakutumia hata kama atafunika jina la mwenye gari.

Kwa nini kadi? Kwa sababu majina ya mtaani hayana mwenyewe. Old Model, Kili Time, Miss Tanzania, Massawe, dalali wa Korogwe anaita hivi, wa Tanga anaita vile. Namba ya chasisi haibadiliki mdomo kwa mdomo. Kwa RAV4 zilizotoka Japan, herufi ya kwanza ya namba hiyo inakuambia ukoo wa injini. SXA ni injini ya 3S, cc 2,000, ndiyo ya kizazi cha kwanza kilichoanza mwaka 1994 hadi 2000. ZCA ni injini ya 1ZZ, cc 1,800. ACA ni injini za AZ, na hapa ndipo watu wengi wanapoumia.

Kizazi cha pili, yaani hiyo Kili Time, kilitoka mwaka 2000 hadi 2005. Kwa soko la Japan kilikuja na injini mbili. ZCA25 na ZCA26 zina 1ZZ-FE, cc 1,800, zinavuta kwa tairi za mbele tu. ACA20 na ACA21 zina 1AZ-FSE, cc 2,000, na ndizo zenye 4WD. Hiyo herufi S katikati ya FSE ndiyo D4 ambayo mafundi wakiisikia wanakuna kichwa.

D4 sio injini mbovu. Ilitengenezwa vizuri, kwa barabara na mafuta ya Japan. Petroli inapigwa moja kwa moja ndani ya silinda kwa presha kubwa, kwa hiyo ina pampu ya presha na nozeli ambazo hazitaki uchafu hata kidogo. Tena, kwa kuwa petroli haipiti kwenye valvu za kuingizia hewa, hakuna kinachozisafisha, masizi yanajijenga pale taratibu. Ndiyo maana unasikia gari lina misi asubuhi, sailensa inatetemeka, linakosa nguvu kwenye mlima, taa ya injini inawaka inazima. Ukiwa Dar, fundi wa D4 mwenye mashine ya kupimia utampata. Sasa fikiria umezimikiwa ndani ndani huko Handeni, petroli iliyopo ni ya kwenye chupa ya maji dukani, wanayojaza bodaboda. Ukiimimina hiyo kwenye D4 umecheza kamari na pampu yako.

1ZZ ya cc 1,800 ni ya kawaida zaidi. Petroli inapigwa kabla ya valvu kama kwenye Toyota nyingine nyingi za wakati ule, na fundi wa mtaani anaijua. Udhaifu wake ni kula oili, hasa zile za mwanzo ambazo hazikubadilishiwa oili kwa wakati. Nguvu yake ni farasi 125 hivi, dhidi ya 152 za D4, kwa hiyo ukiijaza mzigo mlimani utaisikia inalalamika. Lakini inafika.

Basi ukikaa chini unaona mtego ulivyo. Kwa kizazi hiki, ukitaka 4WD ya Japan unachukua D4. Ukitaka injini rahisi unakosa 4WD. Ndiyo maana D4 inauzwa bei ndogo hata ikiwa na 4WD. Soko linajua, ni mnunuzi mgeni ndiye hajui. Zipo za kizazi hicho hicho zilizotengenezwa kwa ajili ya nchi nyingine zikiwa na 1AZ-FE, bila ile S, na 4WD ndani. Ukiikuta ya namna hiyo, haijabadilishwa injini, usiiache iende haraka.

Nikamuuliza dada: "Wateja wako wanakaa wapi hasa? Sio mkoa, nitajie barabara." Akataja. Korogwe hadi Handeni ni lami, kilomita 65. Handeni hadi Mkata lami, kilomita 54. Kabuku iko kwenye barabara kuu ya Segera na Chalinze. Nikamwambia, dada yangu, 4WD unaitaka ya nini kwenye lami? Akacheka. "Jina tu linapendeza."

Kama angekuwa anapeleka mzigo Bungu kule milimani, au upande wa Kilindi wakati wa masika, jibu langu lingekuwa tofauti, na bado lisingekuwa D4. Ningemwambia atafute Old Model, SXA11 ya milango mitano yenye 4WD. Injini ya 3S-FE ni ya zamani, haina mambo mengi, inatumia mkanda wa taimingi ambao hubadilishwa kila kilomita laki moja. Na hata mkanda ukikatika njiani, kwa 3S-FE valvu hazigongani na pistoni, unavutwa, unafungwa mkanda mpya, safari inaendelea. Hasara yake ni umri. Gari la mwaka 1997 lina kutu, raba zimekauka, siti zimechoka, na mteja akikuona nalo hatasema umetajirika. Ukinunua SXA uliza mkanda ulibadilishwa lini. Kama hakuna anayejua, hesabu gharama ya mkanda mpya ndani ya bei siku hiyo hiyo.

Kizazi cha tatu kilianza mwishoni mwa mwaka 2005, ACA31 kwa 4WD na ACA36 kwa tairi za mbele. Injini ni 2AZ-FE ya cc 2,400, hakuna D4 hapo, na gari ni zuri kweli kweli, limetulia barabarani na buti ni kubwa. Kwa mtaji wa milioni 12 ni ndoto, ila kwa mwenye uwezo nina mambo mawili ya kusema. La kwanza, gia boksi yake ni CVT, inataka oili yake maalumu. Fundi akikuwekea ile ya gia boksi za kawaida kwa sababu "oili ni oili", umenunua gia boksi nyingine. La pili, baadhi ya 2AZ za miaka hiyo zinakula oili, na Marekani Toyota wenyewe walilazimika kuongeza muda wa dhamana kwa tatizo hilo. Chomoa kijiti cha oili, angalia, endesha, angalia tena, na muombe mtu akae nyuma aangalie moshi unapokanyaga. Injini za AZ za kabla ya 2007 zina ugonjwa mwingine wa bolti za silinda hedi kulegea upande wa nyuma, maji yanapungua kidogo kidogo mpaka gari linachemsha. Maji ya rejeta yakiwa ya bomba tupu badala ya kuleti, jiulize kwa nini wanaongeza kila mara.

Anayetaka kuagiza kutoka Japan akumbuke ushuru wa bidhaa unaenda kwa cc. Kwa RAV4 za hadi cc 2,000 ni asilimia 5, juu ya hapo ni asilimia 10, na gari kuukuu linaongezewa ushuru wa uchakavu. TRA wana kikokotoo mtandaoni, weka aina na mwaka, uone mwenyewe kabla hujamsikiliza wakala.

Turudi Manundu. Kabla ya kwenda kuona magari tulifungua daftari lake. Safari ya Handeni kwenda na kurudi ni kilomita 130. Tuseme lita ya petroli ni 3,000 ili hesabu iwe rahisi (bei halisi EWURA hutangaza Jumatano ya kwanza ya kila mwezi). Gari likienda kilomita 10 kwa lita, ni lita 13, sawa na 39,000. Likienda kilomita 8, ni 48,750. Yeye kwa nauli, mzigo na bodaboda alikuwa anatumia 22,000 kwa safari. Kwa hiyo hata gari linalokula kidogo linamwongezea 17,000 kila safari, na anaenda mara nane kwa mwezi: 136,000. Bado oili, tairi na bima. Faida yake kwa jozi ya viatu ni kama 5,000. Maana yake auze jozi 28 zaidi kila mwezi ndipo petroli peke yake ijilipe. Alinyamaza kidogo. Nilidhani ataahirisha. Akasema, "Nitaziuza. Nikienda na mzigo wote ndani ya gari, mteja anachagua palepale. Kwa basi napeleka alichoagiza tu." Hiyo hoja nikaikubali. Wazo la kubeba na abiria wa kulipia nikamkataza, hilo ni la leseni za LATRA, asije akaanza biashara kwa faini.

Yale magari tuliyaona Jumamosi. Nilikuwa nimesisitiza yasiwashwe kabla hatujafika, maana injini ya moto inaficha mengi. D4 tuliikuta ya moto. "Nililipeleka kuosha, boss," dalali akasema. Tukaomba kuwasha. Ukizungusha ufunguo bila kupiga stata, taa ya injini lazima iwake kwanza, gari likishawaka ndiyo izime. Ile haikuwaka kabisa. Nikamwita fundi wetu pembeni: "Mgosi, unaonaje?" Akasema taa imechomolewa, tusipoteze muda.

Ile ya ZCA26 ilikuwa ya baridi. Iliwaka mara moja, ikatulia. Namba ya injini kwenye kadi tukailinganisha na iliyogongwa kwenye bloku, zikafanana. Hili usilipuuze, magari mengi ya umbo hili yameshafungwa injini nyingine na kadi haijui. Faini za trafiki tukaangalia mtandaoni kwa namba ya gari, ilikuwa na moja, mwenyewe akalipa mbele yetu. Kasoro zilikuwepo: bushi za mbele zimeisha, tairi mbili zimechakaa, shokapu ya nyuma inavuja. Kwa hizo kasoro dada akashusha bei mpaka milioni 11. Anajua kubageini kuliko mimi, anauza viatu kila siku.

Na wewe unayepost magari status, andika basi hiyo namba ya mwanzo ya chasisi na injini kwenye tangazo. "ZCA26, 1ZZ, cc 1,800, haina 4WD." Itakupunguzia maswali mia na itakuletea mnunuzi aliye tayari.

Spea hazikumsumbua. Korogwe iko kwenye njia ya mabasi ya Dar, aliagiza bushi na plagi Kariakoo asubuhi, jioni akazipokea stendi. Plagi, oili, bushi na ufundi vilimla 260,000. Tairi na shokapu akaviacha kwa mwezi unaofuata. Akabaki na 740,000 ya mzigo, nusu ya alichotarajia, na rejesho la kikoba linakuja. Miezi miwili ya kwanza alikuwa anapokea nusu ya hela kwanza ndipo anunue oda. Wateja wapya wengine wakamkimbia, wa zamani wakamwamini.

Tope lilimkuta mara moja, Mkata, kwa mteja anayekaa ndani kidogo ya barabara kuu. Gari la tairi za mbele likazunguka palepale. Vijana wakalisukuma, akarudi kwenye lami. Siku hizi akifika hapo anapaki pembeni, anamwita bodaboda, anampa buku mbili, mzigo unamalizia kilomita moja ya mwisho.