Je, Wajua? Ngoma za Lindi kwenye nta

Mwaka 1906, kusini mwa Tanzania ya leo kukiwa bado na majeraha ya Vita vya Majimaji, Mjerumani Karl Weule wa makumbusho ya Leipzig alishuka Lindi, akaelekea bara hadi Masasi na Newala. Mizigo ya wapagazi ilikuwa na fonografu na kamera ya sinema. Wayao, Wamakua na Wamakonde waliimba mbele ya pembe ya mashine, sindano ikichora sauti kwenye silinda ya nta. Silinda moja ilibeba dakika mbili tatu tu: kipimo kidogo mno kwa ngoma ya kukesha! Nta hulika kila inapochezwa, hivyo hifadhi ya sauti ya Berlin, zilikopelekwa silinda hizo, ilitengeneza kalibu za shaba za kutolea nakala. Mwaka 1999 UNESCO iliziingiza silinda za hifadhi hiyo katika orodha ya Kumbukumbu ya Dunia.