Zulia, Jamvi na Mkeka: Tandiko Lipi Linafaa Nyumba ya Chara?

Msamiati wa matandiko katika Kiswahili una manufaa kwa mnunuzi asiyetaka kuyadhuru mazingira. Mkeka, kwa kawaida, husukwa kwa ukindu; jamvi husukwa kwa miyaa, nalo huwa gumu na pana; msala ni wa kuswalia. Zulia lina asili ya Kiajemi na busati ni neno la Kiarabu. Anayetaja mkeka au jamvi huwa tayari amedokeza tandiko limetokana na mmea gani. Neno kapeti, tulilolipokea kutoka Kiingereza, halidokezi lolote: laweza kuwa la sufu, na mara nyingi zaidi huwa la nailoni au polipropilini, yaani plastiki itokanayo na mafuta ya petroli.

Swali hili lina uzito wa pekee huko Chara, eneo la Garsen, katika delta ya Mto Tana. Delta hiyo iliorodheshwa mwaka 2012 kuwa ardhioevu yenye umuhimu wa kimataifa chini ya Mkataba wa Ramsar. Mto unapofurika, kama ilivyotokea mwishoni mwa mwaka 2023 na tena mwaka 2024, watu hulazimika kuhama na vyombo vyao. Mkeka hukunjwa ukabebwa kichwani, na ukilowa huanikwa. Kapeti nene hunywa maji na tope, likaoza harufu kabla ya kukauka. Lile lililogundishwa sakafuni ndilo baya zaidi. Tabaka zake za nyuzi, mpira na gundi zimeshikamana kiasi kwamba ni vigumu kuzitenganisha ili zitumike upya. Hatima yake ni kuchomwa au kutupwa, na katika delta kitupwacho hufuata maji.

Hata hivyo, ni kosa kudhani kwamba kila kilichosukwa kwa jani hakina madhara. Mkindu humea penye maji, hasa kwenye misitu ya kando ya mto, na wanaouhitaji ni wengi. Juu zaidi ya Garsen, katika misitu iliyotengwa kuwa hifadhi mwaka 1976, tunda la mkindu ni chakula muhimu cha mangabei wa Mto Tana, nyani aliye katika hatari ya kutoweka na asiyepatikana kwingineko duniani. Utafiti wa Margaret Kinnaird uliochapishwa mwaka 1992 ulichunguza jinsi binadamu na nyani hao wanavyoushindania mti huo mmoja. Ukindu mzuri hutoka kwenye kuti changa ambalo halijafunguka. Likikatwa kwa kiasi, mti huendelea kukua. Mkataji asiyeupumzisha huudumaza, na anayekata moyo wenyewe huliua shina hilo.

Mkoma, unaotoa miyaa, hustahimili zaidi jua na moto wa mbugani. Kwa sebule yenye kukanyagwa sana, basi, jamvi la miyaa ndilo chaguo la busara, na ukindu uachiwe mkeka wa kulalia au wa kumtandikia mgeni. Uamuzi huu hauhitaji cheti chochote. Unahitaji mnunuzi kumuuliza msusi amekata wapi na amekata nini. Msusi anayejua kazi yake hujibu bila kusita.

Mshindani halisi wa msusi, lakini, ni mkeka wa plastiki. Ni mwepesi, una rangi za kupendeza, huoshwa kwa ndoo moja ya maji, na hausubiri mtu asuke ukili kwa majuma. Haifai kumlaumu mama anayeununua. Ila jua kali huukausha, nao huanza kukatika vipande vidogo vidogo ambavyo upepo na mvua huvipeleka shambani na mtoni.

Mkeka wa jani huchakaa kwa namna nyingine. Ukili ukifumuka hushonwa tena. Ukingo ukilika hupigwa kiraka. Ukishindwa kukaa ndani, huhamia uani na kuanikiwa mpunga. Mwishowe huachwa chini ya mwembe, na masika machache yakipita huwa udongo.