Mhunzi wa Malindi hatajwi darasani

Mwalimu apelekaye wanafunzi Gedi huwaonyesha msikiti na jumba la mfalme, kisha basi hurejea. Ni wachache wasimamao penye Nyumba ya Taa ya Chuma, au ile ya Mkasi, zilizopewa majina hayo kwa vitu vilivyofukuliwa humo James Kirkman alipoyachimba magofu kuanzia 1948.

Al-Idrisi, mwanajiografia wa karne ya 12, aliandika kwamba watu wa Malindi walichimba chuma, na biashara yake ndiyo iliyowapa faida kubwa zaidi. Je, ni nani aliyekifua? Darasani twasimulia pembe za ndovu, mhunzi hatumtaji.

Wala kazi yake si duni. Mvukuto huchochea makaa hadi chuma kiive chekundu. Koleo hukishika juu ya fuawe, nyundo ikakirefusha na kukipinda kabla hakijapoa. Kikipoa, hurudi motoni. Nondo za madirisha yetu leo hukatwa na kuchomelewa kwa umeme, nazo hufanana mtaa mzima. (Zangu pia, nakiri.)

Walimu, safari ijayo ya Gedi na ianzie kibandani kwa mhunzi. Mtoto avute mvukuto kwanza, ndipo aonyeshwe nyumba ya taa.