Gia Boksi Haikuuawa na Oili Mpya

Haipiti wiki bila mtu kuniuliza, kwa sauti ya chini kana kwamba tunapanga wizi: "Fundi, ni kweli nikimwaga oili ya gia boksi gari litakufa?" Aliyemwambia ni shemeji yake, au dereva wa teksi, au, na hili ndilo linaloniudhi, fundi mwenzangu. Gari lenyewe ni Toyota IST ya mwaka 2004. Kilomita zilizoandikwa kwenye dashibodi siku liliposhuka melini haziamini hata aliyeliuza. Limekula foleni ya Mwenge na Ubungo, Dar es Salaam, miaka nenda rudi. Oili ya injini inabadilishwa kwa wakati na mwenye gari anajisifu kwa hilo. Ya gia boksi haijawahi kuguswa, na anajisifu kwa hilo pia.

Jibu ni hapana. Nimelisema mpaka koo limekauka, sasa naliandika ili anayefuata nimpe karatasi.

Hoja ya wanaoogopa, ukiisikiliza kwa haraka, ina sura ya ukweli. Ndani ya gia boksi ya otomatiki mna sahani za klachi zilizobandikwa tabaka la nyuzinyuzi. Kadiri zinavyolika, unga wake unaingia kwenye oili. Basi, wanasema, unga huo ndio unaozisaidia sahani zilizochakaa kushikana. Ukiumwaga na kuweka oili safi, sahani zinateleza na gari haliondoki. Mtu akiyasema haya akiwa ndani ya ovaroli lenye grisi, nani atambishia?

Tumbishie kwa hesabu. Fungua plagi ya chini ya gia boksi ya Toyota ndogo: zitatoka lita 2 na nusu, au 3 kama una bahati. Oili yote iliyomo mle ni lita 6 hadi 8, kutegemea gari. Iliyobaki imejificha kwenye toki konveta, kwenye vavu bodi na kwenye mabomba ya kupoozea. Kwa hiyo hata baada ya kumwaga na kujaza, nusu au zaidi ya oili inayozunguka mle ndani ni ile ile ya zamani, pamoja na unga wake wote. Kama unga ndio unaoshika, mbona bado umo? Gia boksi iliyokufa kesho yake haikufa kwa kupungukiwa uchafu.

Isitoshe, sahani hizo hazishikanishwi na unga. Zinabanwa na pistoni inayosukumwa na oili yenye shinikizo kutoka kwenye pampu, na namna zinavyoshikana huamuliwa na kemikali zilizotiwa kwenye oili kwa makusudi, ili zisiteleze mno na wala zisishikane kwa kishindo. Kemikali hizo si za kubahatisha. Mpaka mwanzoni mwa miaka ya 1970 Wamarekani walikuwa wakitumia mafuta ya nyangumi kwa kazi hiyo, na sheria za kulinda wanyama zilipoyapiga marufuku, oili za gia boksi zikabidi zitungwe upya. Nani angemfukuza nyangumi baharini kama unga wa klachi ungetosha?

Kazi ya kweli ya unga huo ni kuziba. Unajaa kwenye chujio, unaingia kwenye solenoidi na kwenye vijia vyembamba vya vavu bodi, shinikizo linashuka, sahani zinaanza kuteleza, na sahani inayoteleza inazaa joto na unga mwingine. Joto nalo linaiua oili yenyewe: kwa makadirio ya wanakemia, kila nyuzi 10 zikiongezeka, oili huoksidika kwa kasi ya karibu mara mbili. Sasa fikiria saa mbili za Barabara ya Morogoro jioni, kiyoyozi kinafanya kazi, gari linasogea mita tano na kusimama. Au kupanda mlima wa Kitonga nyuma ya lori la mizigo, familia nzima na magunia ndani.

"Lakini nimeona kwa macho yangu," ataniambia. Jirani alibadilisha oili Jumamosi, Jumatatu gari likagoma. Sikatai kwamba aliona. Nauliza tu: kwa nini jirani alibadilisha Jumamosi hiyo, baada ya miaka saba ya kutoigusa? Kwa sababu Ijumaa gari lilikuwa linachelewa kuingia gia, linavuma bila kwenda, linastuka likitoka ya pili kwenda ya tatu. Huku kwetu karibu hakuna anayebadilisha oili ya gia boksi iliyo nzima. Tunaikumbuka ikishaanza kulalamika. Mgonjwa anayefikishwa hospitali mahututi akafia mapokezi hakuuawa na dripu.

Wauaji halisi ni wanne, na kuchelewa huko ndiye wa kwanza: gia boksi ilikuwa imeshakufa, ikasubiri shahidi tu.

Wa pili ni oili isiyo yake, na huyu ameua nyingi kuliko ninavyotaka kukumbuka. Nenda Gerezani pale Kariakoo, au Barabara ya Kirinyaga kule Nairobi, sema "nipe haidroliki", utapewa dumu la kimiminika chekundu na maneno kwamba linafaa magari yote. Wekundu ni rangi iliyotiwa kiwandani, ili oili ikivuja chini ya gari ujue si ya injini. Haisemi lolote kuhusu kilichomo. IST ya kwanza inataka Type T-IV. Toyota za baadaye zinataka WS, ambayo ni nyepesi zaidi, na Toyota wenyewe hawataki moja ikae mahali pa nyingine. Honda za zamani zilitumia Z1, mahali pake ikaja DW-1. Nissan wana Matic zao za herufi mbalimbali. Na lile dumu lililoandikwa Dexron III? General Motors waliacha kutoa leseni ya kiwango hicho mwishoni mwa 2006. Anayekuuzia leo anakuuzia jina ambalo mwenye jina halisimamii tena.

Halafu kuna CVT: Nissan Note, X-Trail, Honda Fit, Vitz nyingi. Mle ndani gia hazibadilishwi kwa klachi. Kuna mkanda wa chuma unaobanwa kati ya puli za chuma, na oili yake imetungwa ili chuma kishike chuma. Ukiutilia oili ya gia boksi ya kawaida umeuambia mkanda uteleze, nao utatii. Baadhi ya oili hizi si nyekundu hata kidogo, ni za kijani au buluu, na bado watu wanazimwaga na kujaza nyekundu kwa sababu "ile ya kijani ilikuwa imeharibika".

Wa tatu ni kipimo. Gia boksi haipimwi kama injini. Kwenye Toyota yenye dipstiki, unapima gari likiwa limepata moto na injini inanguruma, baada ya kupitisha mkono wa gia taratibu P, R, N, D na kurudi P. Ukipima asubuhi injini imezimwa, sehemu ya oili imeteremka kutoka kwenye toki konveta, dipstiki inakudanganya kwamba imejaa, na wewe unaingia barabarani na upungufu wa lita nzima. Pampu inanyonya hewa, klachi zinaungua. Honda nyingi ni kinyume: zipate moto, uzime, upime ndani ya dakika moja hadi moja na nusu. Ukizidisha pia umeharibu, maana oili inayofikiwa na gia zinazozunguka inatoa povu, na povu halina shinikizo.

Wa nne ni "kusafisha". Wapo mafundi wanaotia mafuta ya taa au dizeli, wanawasha gari, wanazungusha gia, wanamwaga, ndipo wanaweka oili mpya. Mtu huyo akikukaribia, chukua ufunguo wako uondoke. Mafuta ya taa yanabaki mle ndani kwa sababu ile ile oili chafu inabaki, nusu yake haitoki, na mpira wa sili haukutengenezwa kwa ajili yake. Mashine za kusukuma oili kwa shinikizo nazo nisingezipeleka kwenye gia boksi iliyosahauliwa miaka kumi. Zinaweza kung'oa matope yaliyotulia na kuyapeleka moja kwa moja kwenye vijia vya vavu bodi. Hapo, na hapo tu, ndipo woga wa shemeji una chembe ya ukweli. Tatizo hapo ni namna ya kuitoa oili ya zamani, na mpya haina hatia.

Kuna wa kisomi zaidi wanaoniambia kitabu cha gari kimeandika oili ni ya maisha yote. Maisha ya nani? Mtengenezaji anamfikiria mnunuzi wa kwanza, kule Nagoya, atakayeliuza gari kabla halijazeeka. ZF wa Ujerumani, wanaowatengenezea BMW gia boksi, wanashauri oili ibadilishwe kati ya kilomita 80,000 na 120,000, au ifikapo miaka 8. Kenya haipokei gari lililozidi miaka 8 tangu lisajiliwe mara ya kwanza. Maana yake, gari linaweza kushuka Mombasa likiwa tayari linadai oili hiyo. Bandari ya Dar es Salaam inapokea ya miaka mingi zaidi ya hapo. Mnunuzi wa tatu wa gari hayumo kwenye hesabu ya kitabu.

Basi, anayetaka kufanya mwenyewe nyumbani, haya ndiyo ya kufanya, na nitakwenda mbio.

Jua oili yako kabla hujanunua: kitabu cha gari, au dipstiki yenyewe, ambayo kwenye Toyota nyingi imechorwa jina la oili. Gari likiwa na dipstiki, kazi unaiweza. Endesha dakika kumi oili ipate uvuguvugu, egesha mahali tambarare, inua, weka stendi. Sikusema jeki, nimesema stendi. Jeki peke yake imeshalaza watu chini ya magari yao. Hakikisha plagi unayofungua ni ya gia boksi, si ya injini wala ya difu. Kwenye Subaru kosa hili ni maarufu: mtu anamwaga oili ya gia boksi akidhani ni ya injini, kisha anajazia injini juu ya iliyomo, na anaharibu viwili kwa mkupuo.

Pima kilichotoka kwa chupa, rudisha kiasi kile kile kupitia tundu la dipstiki kwa faneli nyembamba, weka washa mpya kwenye plagi. Washa, pitisha gia, lipate moto, pima, ongeza kidogo kidogo. Endesha wiki mbili, rudia. Tuseme kila mara unatoa asilimia 40: mara ya kwanza utakuwa na asilimia 40 mpya, ya pili 64, ya tatu 78. Inatosha. Ukifungua na sampo, angalia sumaku zilizomo: ukungu wa kijivu laini ni uzee wa kawaida, vipande unavyoweza kuvishika kwa kucha ni habari nyingine. Chujio na gasketi badilisha siku hiyo hiyo.

Kama gari halina dipstiki, kipimo kinafanywa kwa plagi ya kufurika oili ikiwa kwenye joto maalumu, mara nyingi karibu nyuzi 40, na joto hilo linasomwa kwa mashine. Huna mashine, peleka gereji yenye nayo. Ukibisha ukafanya mwenyewe, basi angalau fungua plagi ya kujazia kabla ya ile ya kumwagia. Nimeshapokea magari matupu yaliyovutwa kwa kamba kwa sababu ya juu iligoma kufunguka. CVT nayo, isipokuwa una oili yenye jina lake hasa, iache.

Kwa magari yetu na foleni zetu mimi hushauri kila kilomita 40,000 hadi 60,000. Oili chafu usiimwage mtaroni. Mwekee fundi wako kando, atajua wa kumpa, wanaopaka mbao na nguzo dhidi ya mchwa wanaitafuta.

Ikitoka ya waridi iliyopauka kama maziwa, maji yameingia: ama rejeta imepasuka ndani, ama umevuka Jangwani siku ya mafuriko, siku ambayo hukupaswa kuvuka. Usiliwashe tena.

Na wale ambao gia tayari inateleza? Pimeni oili kwanza, pengine ni upungufu tu na mahali inapovuja panaonekana. Kama oili ni nyeusi, inanuka kuungua na ina vipande vya chuma, msinunue oili. Hela hiyo wekeni pamoja na ya kuifungua na kuipanga upya, au ya gia boksi ya mtumba. Ukiamua mtumba, oili iliyokuja nayo imwage kabla hujaliwasha gari, uweke yake. Ndiyo, hata kama ni nyekundu.