Alan Villiers na Jahazi la Bayan

Wazee wetu wa Tanga na Pangani waliyajua vema majahazi ya Waarabu yaliyokuja na kaskazi na kurejea na kusi. Vijana wa leo wanayajua kwa masimulizi tu. Hata hivyo tunaye shahidi mmoja, naye ni mgeni: Alan Villiers, aliyezaliwa Melbourne, Australia, mwaka 1903, baharia kwanza, kisha mwandishi na mpiga picha za sinema.

Kazi ya sinema aliianza kwa msiba. Mwaka 1929 yeye na rafiki yake, Ronald Walker, waliingia ubaharia katika Grace Harwar, merikebu ya matanga iliyokuwa ikitoka Australia kwenda Ulaya, ili wapige picha maisha yale kabla hayajatoweka. Walker aliuawa kazini baharini. Villiers akaimaliza kazi peke yake.

Mwishoni mwa 1938 alipanda Bayan, jahazi la Kuwait, katika bandari ya Aden. Nahodha alikuwa Ali bin Nasir Al-Najdi. Wakapita Shihri, Mogadishu, Lamu na Mombasa, wakakata bahari yetu hii hadi Unguja, kisha wakaenda Rufiji kupakia boriti za mikoko. Kuwait hakuna msitu. Dari zao zilitegemea miti yetu, kama zilivyoitegemea nyumba za mawe za Pangani. Mgeni huyu alikula sinia moja na mabaharia, akalala sitahani, akafika nao kwao mwaka 1939. Ndiyo maana picha zake si za mtalii anayechungulia kutoka gatini: watu wanapandisha foromali, wanashona tanga, wanaswali.

Wala hakuficha machungu. Alieleza kwamba baharia hakuwa na mshahara; alipata fungu la faida, na aghlabu lilikwisha liwa kabla hajarudi. Baharia alidaiwa na nahodha, nahodha akadaiwa na tajiri. Kwa wazamia lulu mambo yalikuwa mazito zaidi. Sisi tunaopenda kuzisifu enzi za matanga, tuliangalie na hilo.

Kitabu chake, Sons of Sindbad, kilitoka mwaka 1940. Villiers alifariki mwaka 1982. Al-Najdi, Mungu amrehemu, alikuwa amekwisha chukuliwa na bahari mwaka 1979, alipokwenda kuvua. Picha zilihifadhiwa katika jumba la makumbusho ya bahari la Greenwich, Uingereza.

Jambo moja, akina mama, halimo. Villiers alikuwa mwanamume mgeni, hakuingia nyuani. Katika pwani yetu wanawake walifukia makumbi matopeni, wakayafukua yalipooza, wakayaponda kwa magongo, wakasokota kamba za usumba zilizofunga mitumbwi na majahazi. Bado wapo mabibi wanaoijua kazi hiyo, na siku hizi takriban kila nyumba ina simu yenye kamera. Mjukuu na aombe ruhusa kwanza, kisha akae chini na bibi yake.