Shakeela: jina la mtu linapogeuka nomino ya kawaida

Katika mofolojia tunafundishwa kwamba nomino ya pekee inaweza kugeuka nomino ya kawaida. Mfano ulio karibu ni bajaji: jina la kampuni ya India, Bajaj, limekuwa jina la kila pikipiki ya magurudumu matatu. Makala haya yanaangalia mfano mwingine kutoka India, ambako aliyegeuzwa nomino ni mwanamke.

Shakeela alizaliwa Madras. Aliingia katika sinema mwaka 1995 kwa filamu ya Kitamil Playgirls, pamoja na Silk Smitha. Huyo naye jina lake lilitoka kazini: mwaka 1980 alicheza mhusika aitwaye Silk katika Vandichakkaram, na jina hilo halikumtoka mpaka kifo chake mwaka 1996.

Mwaka 2000 filamu ya Kimalayalam Kinnarathumbikal ilimfanya Shakeela ajulikane Kerala nzima. Ilikuwa filamu ya watu wazima, iliyotengenezwa kwa fedha kidogo. Ilileta faida kubwa, na watayarishaji wakakimbilia kutoa nyingine za namna hiyo. Ndipo watu wakaanza kusema "Shakeela padam". Padam ni filamu. Maneno hayo yalikuja kutaja aina nzima ya sinema.

Tukitafsiri "filamu ya Shakeela", a-unganifu yetu inatupa maana tatu: filamu anayoimiliki, filamu aliyocheza, au filamu ya aina ile. Maana ya pili na ya tatu zilimshika. Ya kwanza hakuipata, kwa kuwa filamu zilikuwa mali ya watayarishaji.

Hata sauti haikuwa yake. Kimalayalam si lugha aliyokulia, kwa hiyo mwingine alimsemea studioni, kama ilivyo desturi kwa waigizaji wengi wa India Kusini. Mwenyewe amesema kwamba katika picha za uchi walitumiwa wanawake wengine. Kazi ya watu wengi ikakaa chini ya jina moja, na aibu nayo ikakaa hapo hapo. Majina ya watayarishaji, ya wenye majumba ya sinema na ya wanaume waliokata tiketi hayakugeuka nomino ya kitu chochote.

Baada ya miaka michache wimbi hilo lilipita. Shakeela akabaki na sehemu ndogondogo, nyingi za kuchekesha. Mwaka 2013 alitoa maisha yake katika kitabu kwa Kimalayalam, na safari hii msemaji alikuwa yeye. Baadaye alishindana katika kipindi cha mapishi cha televisheni ya Kitamil, Cooku with Comali, na vijana wakamwita "Amma", yaani mama.

Msomaji wa Lubumbashi anajua uzito wa badiliko hilo. Huku kwetu mwanamke wa jukwaani huitwa ndumba upesi, kabla mtu hajauliza anaishi vipi. Akiitwa mama fulani, jina lake linarudi kuwa la mtu.