Kiinua Mgongo Kilichongojewa Miaka 28



Kila mwisho wa mwezi mshahara hukatwa, na kila mmoja wetu hujiambia kwamba akiba ile itamtunza uzeeni. Safari hii tunawakumbusha yaliyowapata wenzetu wa Jumuiya ya Afrika Mashariki ya zamani, ili aliye kazini leo ajifunze kabla nguvu hazijamwishia.

Jumuiya hiyo iliundwa mwaka 1967 na Kenya, Uganda na Tanzania. Chini yake yalikuwapo mashirika ya Reli, Bandari, Posta na Simu, na Ndege. Mashirika hayo hayakuendeshwa na mameneja peke yao. Walikuwapo magengi ya reli waliobadilisha mataruma juani, makuli waliobeba magunia gatini, mafundi wa karakana na walinzi wa usiku. Mwaka 1977 Jumuiya ikavunjika. Mwajiri akafa, na waliomtumikia wakabaki wakiuliza: haki zetu atalipa nani?

Ilichukua miaka saba kupata jibu. Tarehe 14 Mei 1984, mjini Arusha, serikali tatu zilitia saini mapatano ya kugawana mali na madeni, baada ya usuluhishi wa Mswisi Victor Umbricht. Kenya ilipangiwa asilimia 42, Tanzania 32 na Uganda 26. Mapatano yalisema wazi kwamba kila serikali itawalipa raia wake pensheni na haki nyingine walizochuma.

Lakini kuandika si kulipa. Nchini Tanzania ilifika mwaka 2003 wastaafu zaidi ya 31,000 wakaenda Mahakama Kuu. Septemba 2005 wakapatana na serikali, na malipo yakaanza. Hesabu wewe mwenyewe: aliyekuwa na miaka 45 Jumuiya ilipovunjika, sasa alikuwa na 73. Wengi walikwisha zikwa. Wajane na watoto ndio waliopanga foleni na hati za mirathi. Hata baada ya hapo, wako waliolalamika kwamba wamepunjwa, na wazee wakafikia kufunga barabara jijini Dar es Salaam.

Ngoja ngoja huumiza matumbo, na katika mambo ya fedha huila fedha yenyewe. Mwaka 1977 dola moja ya Marekani ilikuwa kama shilingi 8 za Tanzania. Mwaka 2005 ilipita shilingi 1,100. Maana yake, shilingi 1,000 zilizokuwa zaidi ya dola 100 zilikuwa hazifiki hata dola moja. Kwa hiyo anayechelewesha kiinua mgongo hachelewi tu. Anakipunguza.

Tusiseme hayo ni ya watu wa reli, sisi wa chai, mkonge na viwanda hayatuhusu. Shamba huuzwa, kiwanda hufungwa, mwajiri hubadili jina. Nchini Uganda mfanyakazi hukatwa asilimia 5 na mwajiri huongeza 10. Tanzania Bara, katika mfuko wa sekta binafsi, jumla ni asilimia 20, na mfanyakazi hakatwi zaidi ya 10. Fedha iliyokatwa isipofika kwenye mfuko, utakuja kuijua siku unapokabidhi panga na buti.

Basi tufanye haya tungali kazini. Tutunze barua ya ajira, kadi ya mfuko na kila karatasi ya mshahara. Kila mwaka tuombe taarifa ya michango yetu, na asiyejua kusoma asomewe na mwenzake wa tawi. Jina lililo kwenye mfuko lifanane na la kitambulisho, na warithi waandikwe mapema. Michango ikikosekana miezi miwili, tawi lidai mara moja, wakati mwajiri bado yupo na mali yake ipo.

Wenzetu wa Jumuiya walipata nguvu waliposimama pamoja kwa maelfu, lakini walisimama wakiwa wazee. Sisi tusimame tukiwa na nguvu. Wahenga walisema, mali bila daftari huisha bila habari.